Majina Aliyoyatoa Zakaria

Bwana asifiwe, ndugu zangu! Itikieni na nyie wa nyuma karibu na mlango, maana nyie ndio mliobeba jeneza la mume wangu. Mimi ni Mama Samweli wa hapa Litapunga, mjane wa Zakaria. Leo nimekuja na mtoto mgongoni na shukrani mdomoni.

Ndugu zangu, nilipendwa! Niacheni niseme. Zakaria hakuwa mtu wa maneno mengi, ila nikijifungua alikuwa mtu mwingine kabisa. Wazee wetu walitoka Burundi na desturi hii: kila mtoto ana jina lake mwenyewe, hachukui la baba, na baba ndiye anayelitoa, kitovu kikishaanguka. Basi siku hizo Zakaria alikwenda kupalilia mahindi peke yake, akilitafuta jina. Namwona hadi leo akirudi na jembe begani, matope hadi magotini, anacheka kabla hajafika uani. Samweli alipewa Ndikumana, yaani niko na Mungu. Ester alizaliwa mwaka ambao mvua ilitugomea, akampa Bizimana, Mungu ndiye ajuaye.

Nikamtania, "Baba Samweli, hili jina mbona kama umekata tamaa?"

"Subiri, mke wangu," akasema. "Utalielewa."

Jamani, maharage tuliyokula siku ile hayakuwa hata na mafuta. Sijala tena matamu kama yale.

Nikiwa na mimba ya tatu, Zakaria alipanda baiskeli asubuhi kupeleka mahindi Mpanda. Lori likamgonga njiani, akafa palepale. Miezi miwili baadaye nikajifungua huyu binti, kitovu kikaanguka, na hakuna aliyekwenda shambani kumtafutia jina. Tukawa tunamwita Kadogo.

Mchungaji akaniambia familia ya aliyeuawa na gari ina haki ya fidia kutoka bima. Nikapeleka ofisi ya bima cheti cha kifo na karatasi za polisi. Vyeti vya kuzaliwa hatukuwa navyo, nikapeleka karatasi za shule: Samweli Ndikumana, Ester Bizimana. Kijana wa ofisi ile akazitazama, akauliza watu wakisikia, "Mama, kila mtoto na ukoo wake, na jina la marehemu halipo. Baba zao ni wangapi?"

Ndugu zangu, aibu! Mimi ambaye sijajua mwanaume mwingine! Nilitembea hadi stendi bila kuona njia. Niliwachukia wote, yule kijana, dereva wa lori, hata Zakaria mwenyewe kwa majina yake. Mungu anisamehe.

Shemeji yangu akaja na fomu za vyeti vya kuzaliwa. "Shemeji, andika wote Zakaria, yale majina aliyotoa kaka tuyafute. Nani atayauliza?" Na njaa ilikuwa ndani, nisiwafiche. Nikashika kalamu. Nilipofika kwa Ester nikamkumbuka baba yake na matope yake, mkono ukakataa. Jumapili nikaileta fomu ile hapa madhabahuni, nikalia mbele yenu.

Hapo Bwana akafanya! Mzee Elia, katibu wetu, akainuka. Akaingia stoo, akatoka na daftari la kubarikia watoto, limeliwa na mchwa pembeni. Akanisomea: "Ester Bizimana, binti wa Zakaria. Baba anasema: mvua haijaja, ila Mungu anajua." Chini yake alama ya dole gumba la mume wangu! Haleluya! Nililigusa. Niliona kama nimeshika mkono wake.

Mlifunga safari na mimi hadi mahakama ya mwanzo. Mzee Elia na daftari lake, akina mama na ushahidi wao, na kadi ya kliniki ya mimba ya huyu mdogo, maana Zakaria alinisindikiza na wakamwandika baba wa mimba. Hakimu akaniteua msimamizi wa mirathi na kuwatambua watoto wote watatu, wakubwa kwa majina waliyopewa na baba yao, na huyu kwa Kadogo hilo hilo. Yule kijana wa bima alipoisoma hukumu alisimama. "Mama, nisamehe," akasema. Nikamsamehe, na kweli moyo ukawa mwepesi.

Fidia ililipwa, watoto wanasoma. Baiskeli haijarudi uani na bado kila jioni nasikiliza. Lakini aibu imeondoka, na hasira nimeiacha hapa hapa. Wewe mjane uliyefungia karatasi sandukuni kwa sababu ulidharauliwa, zitoe! Njoo nazo kwa Bwana, njoo nazo kwa kanisa, tutakwenda na wewe.

Sasa nina ombi moja. Jana nilikwenda kupalilia peke yangu, kwenye shamba lile lile, nikarudi na matope nikicheka na kulia. Mzee Elia, fungua daftari. Andika: Habonimana, Mungu ndiye aonaye. Binti wa Zakaria.