Hotuba ya Coach Angali Muzima

Mbele ya salon yangu ya nywele, hapa Matonge, Belgique, niliweka banc moja na thermos ya kahawa kwa bateja benye kungoja. Tangu 2009 hakuna muteja aliyeikalia. Banaume batatu bameikamata: Joël, tunamwita Avocat, na hakusoma droit ya bawakili hata siku moja; Bertin, yeye Capitaine; na Kassimu, Murundi wa Bujumbura, tunamwita Ministre juu ya koti yake ya kiwaziri. Ile siku ya samedi balikuwa banatayarisha hotuba ya matanga ya Coach Crispin, coach wa kwanza wa kolezi ya Avocat na Capitaine kule kwetu Likasi. Kitu kimoja kilinichoma roho: Coach alikuwa angali muzima. Alikuwa analala hospitali, hapa hapa mujini, Jette.

— Haraka haraka haina baraka, Avocat akasema. Njo maana tunaanza mbele hajakufa.

— Na nitasoma mimi, capitaine wake wa foot, Bertin akasema.

— Foot? Avocat akamukatiza. Coach alikuwa muntu wa basket! Aliniona nikiruka, akalia machozi.

Nikatosha kichwa mulangoni, kitana mukononi.

— Alifundisha foot, basket, volley na mbio, yeye peke yake, na filimbi moja. Dada yangu alikimbia kwake. Muandike hiyo, inatosha.

— Maman Mathilde, Avocat akaniambia, tumwagie kahawa, histoire ya Coach utuachie siye.

Capitaine akapandisha sauti:

— Match moja alikuwa coach wa pande zote mbili! Mi-temps, wakati wa mapumziko, anatukana hawa, anavuka kiwanja, anatukana bale.

— Na nani alishinda? Kassimu akauliza.

— Yeye!

— Na arbitre, muamuzi, alikuwa yeye vilevile, Avocat akaongeza. Alijipa kadi nyekundu, carton rouge, akatoka.

— Bon, Capitaine akaendelea, équipe ya taifa ya foot ya hapa Belgique, ule muchezo wabo ni wa Coach! Babelgiji balijificha nyuma ya kanisa ya kolezi, bakauchora wote kwenye karatasi.

— Wallahi, hata Bujumbura tulisikia, Kassimu akasema.

— Ministre, weye unamujua Coach? nikamuuliza.

— Simjui. Lakini nina koti, nitasoma vizuri. Asiyekuwepo na lake halipo!

— Voilà! Andika hiyo!

Bakapiga makofi. Mimi hasira ilinipanda mpaka muteja akalia kwamba ninamuvuta nywele.

Njo pale Graciella akafika kutoka metro, binti wa Coach, na sachet ya nguo mukononi. Bote batatu bakasimama, sura za matanga.

— Bonjour ba tonton. Ninamupelekea papa training yake ya bleu, nguo yake ya michezo. Kila saa ya visite, ya kutembelea bagonjwa, anavaa filimbi shingoni, anakaa kwenye kiti, anaangalia mulango. Anasema batoto bake ba Likasi banaishi karibu, batakuya. Nani anaenda na mimi?

Avocat akaangalia kikombe. Capitaine akainama kufunga kamba ya kiatu, na kiatu chake hakina kamba.

Kassimu akafunga vifungo vya koti.

— Mimi twende, binti yangu. Hanijui, lakini nitakaa naye.

— Merci, tonton.

Graciella akabageukia bale babili.

— Na akiniuliza ba Likasi bako wapi, nimuambie nini?

Capitaine akaendelea kufunga kamba. Graciella akashuka na Kassimu kwenda metro.

Nikainyanyua thermos. Ilikuwa ingali nusu.

— Kahawa imeisha, nikabaambia.