Bendera ya Kijani Shambani kwa Mai Paulina: Maisha ya Eleuterio Winklaar

Baba Padre, ndugu na jamaa, majirani wa Rincon, na ninyi mliovuka asubuhi hii kutoka Curaçao, familia inaomba mketi na kututegea sikio tunaposimulia maisha ya Eleuterio Winklaar, ambaye wengi wenu mlimwita Teyo, na wanafunzi wake mnamwita Mwalimu mpaka leo.

Marehemu alizaliwa tarehe 18 Aprili 1936 hapa Rincon, kisiwani Bonaire, mtoto wa tatu wa Bartolomeo Winklaar, aliyefanya kazi katika kiwanda cha mafuta Curaçao na kurudi nyumbani Krismasi tu, na Mai Paulina, aliyelima mtama, akafuga mbuzi, na kulea watoto kana kwamba baba yao yupo chumba cha pili.

Alisoma kwa masista hapa kijijini, mwaka 1953 akapanda meli kwenda Curaçao kusomea ualimu, akahitimu Juni 1957, na Septemba mwaka huo akaanza kufundisha katika shule ile ile alikochapwa utotoni kwa kuongea Kipapiamentu, lugha yetu ya nyumbani, darasani, ila yeye hakumchapa mtoto yeyote kwa kosa hilo.

Huko Curaçao ndiko alikosikia kwanza mafundisho ya Kanisa kuhusu haki ya mfanyakazi na wajibu wa jirani kwa jirani, na tarehe 14 Mei 1961, baada ya misa ya pili, yeye na wenzake wachache waliketi katika ukumbi wa nyuma ya kanisa wakaanzisha Chama cha Kikristo cha Umma, ambacho watu wakakiita Kijani kwa rangi ya bendera yake. Paroko wa wakati huo, Mholanzi mwenye utani mkavu, aliwapa ukumbi na viti, lakini akawakatalia jina la parokia, akisema wakishinda watajisifu wenyewe, wakishindwa watamsingizia Mungu, naye hataki kuitwa shahidi.

Tarehe 7 Septemba 1963 alifunga ndoa na Ambrosina Thielman, binti wa nyumba ya Wekundu, yaani chama cha wafanyakazi wa chumvi na bandari, ambacho msemaji wake hapa kijijini alikuwa Porfirio, kaka wa bibi harusi. Baba mkwe alikuja kanisani na shati jekundu, bwana harusi akalisifia, na misa ikaendelea. Mungu aliwajalia watoto wanne, Jubert, Magalis, Norwin na Suzaida, na baadaye wajukuu tisa.

Familia imeona isifiche habari za mwaka 1969, kwa sababu marehemu mwenyewe hakuzificha. Machi mwaka huo uchaguzi ulikuwa karibu, yeye akiwa katibu wa chama na mgombea wa Baraza la Kisiwa, na mtama wa Mai Paulina ulikuwa umekomaa. Desturi ya hapa mnaijua, mtu hukata mtama wa jirani, na jirani humlipa kwa mgongo wake siku ya shamba lake. Marehemu, kwa bidii ya ujana, aliona mavuno ya mama yake yafaa kuwa siku ya chama, akasimika bendera za kijani kwenye pembe za shamba, na kila aliyefika akapewa kitambaa cha kijani cha kufunga kichwani. Wekundu walipoona hivyo walibaki majumbani, na kwa bahati mbaya wavunaji hodari wa Rincon wengi walikuwa Wekundu. Waliojaa ni wanachama kutoka mjini Kralendijk, watu wema, waliokula mchuzi wa mbuzi na supu ya bamia, wakaimba vizuri, lakini kukata masuke hawakujua, na kabla wiki haijaisha kasuku walikuwa wameumaliza mtama uliobaki.

Mai Paulina hakugomba. Alisimama kwenye mabua matupu akamwambia, "Teyo, hawa ndege hawakuniuliza mimi ni wa chama gani. Wewe ndiye uliyewauliza watu."

Wiki iliyofuata ilikuwa zamu ya shamba la Porfirio, na marehemu alikuwa anadaiwa mgongo tangu mwaka uliotangulia. Kamati ya chama ilimwita ikamweleza kwa upole kwamba mgombea wa Kijani akionekana anamvunia msemaji wa Wekundu, wapiga kura watachanganyikiwa, na akienda jina lake litatoka kwenye orodha. Hawakuwa watu wabaya, walikuwa na hofu ya kushindwa, na marehemu alisema siku zote kwamba angekuwa kwenye kiti chao huenda angesema vilevile. Alitaka sana kiti kile cha Baraza, alikwisha kushona suti. Alfajiri alichukua kisu chake akaenda.

Porfirio alimwona getini, akawageukia wenzake kwanza, kisha akamwambia, "Shemeji, umepotea njia? Huku ni kwetu."

Marehemu akajibu, "Nimekuja na mgongo tu. Kura nimeiacha nyumbani kwa dada yako."

"Basi shika mstari ule wa kwenye ua wa miiba, tuone huo mgongo nao una rangi gani."

Akaushika, akaumaliza, na jioni jina lake likatoka kwenye orodha. Chama kilishindwa vibaya Rincon mwaka ule kuliko wakati wowote. Wapo waliomshawishi aanzishe chama chake, akakataa, akasema nyumba ikivuja anayejua tundu lilipo asihame. Miaka miwili alihudhuria mikutano kama mwanachama wa kawaida, akipanga viti, na kila mkutano alileta hoja ile ile, kwamba bendera ya chama isisimikwe kwenye shamba la mtu wala penye kazi ya kusaidiana. Mwaka 1971 hoja ilipita kwa kura chache. Mwaka 1975 alirudishwa kwenye orodha, akashinda, akawa kamishna wa elimu na kilimo katika serikali ya pamoja na Wekundu, Porfirio akiwa kamishna wa bandari, na waliowasikia wakibishana barazani hawakuamini kwamba Jumapili hula meza moja.

Chama hakikubaki na neema hiyo. Kiligawanyika mwaka 1988 kuhusu uhusiano wetu na Uholanzi, na mwaka 2011 kilikosa hata kiti kimoja, wengine wakataka kifungwe. Marehemu, akiwa amestaafu, alifungua ukumbi kila Alhamisi akafundisha vijana waliokuja, mara nyingine wawili tu, na katika uchaguzi uliopita mmoja wao, Mheshimiwa Rutsela aliyekaa pale mbele, ameingia Barazani.

Alianza kusumbuliwa na moyo mwaka 2019, Novemba mwaka jana akapelekwa Curaçao kwa matibabu, akarudi. Wiki yake ya mwisho Porfirio alifika hospitali kila mchana, wakabishana kuhusu kura, na siku moja Porfirio akamwambia, "Usife, bwana, nitamshinda nani?" Marehemu alicheka mpaka muuguzi akaja. Aliaga dunia Jumamosi, tarehe 2 Machi 2024, hospitalini Kralendijk.

Kamati ilikuja nyumbani kuomba jeneza lifunikwe kwa bendera, kama istahilivyo kwa mwanzilishi. Mama Ambrosina aliwakaribisha, akawapa kahawa, akasema, "Nimewaazima miaka sitini. Leo namtaka mume wangu." Walielewa, na ndiyo maana mnaona kitambaa cheupe.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi wa hapa na wa Curaçao, majirani mliotuletea chakula na maji, walimu wenzake, wanachama wa vyama vyote, na vijana wa ukumbini mliochimba kaburi. Mtama wake haujavunwa. Jumamosi alfajiri tutaukata, chakula kipo, na Porfirio amekwisha kuchagua mstari wake.

Nenda, Teyo, mgongo wako umelipa. Upumzike kwa amani.