Kesho Yake Baada ya Mbuzi

Benchi la fundi viatu Ndunda, nyuma ya soko la Machakos, hukaliwa na watatu kwa raha, wanne kwa kubanana. Alasiri ile Mwalimu Muema alikaa pembeni, kikombe cha kahawa mkononi, barua ya mhariri wa Nairobi mfukoni. Riwaya yake ilianza siku mbuzi watatu wa ntheo, ada ya Wakamba ya kufunga ndoa, walipofikishwa kwa wazazi wa msichana, ndoa ikawa ndoa, ikaendelea miaka kumi na tisa. Mhariri alitaka mbuzi wahamie ukurasa wa mwisho. Msomaji wa leo, aliandika, anataka kutongozana. Alingoja jibu kufikia Ijumaa. Mbithe, mke wa Muema, aliyekuwa akisoma kila sura kwanza, alikuwa na mwaka wa pili kaburini.

— Mhariri ako sawa, mwalimu, alisema Waya, fundi wa redio. Mapenzi siku hizi ni ya simu. Kijana anatuma meseji, msichana hajibu. Kurasa mia mbili.

— Za kungoja meseji? Ndunda alidakia. Wapendane ukurasa wa pili. Haraka haraka haina baraka.

— Methali yako inakupinga, mzee.

— Inanipinga, lakini tunajuana.

Mulwa, waliyemwita Sinema, akaweka kikombe chini.

— Msichana awe rubani. Kijana analima matikiti huko Katangi. Ndege inaanguka kwa shamba yake.

— Na matikiti? Waya aliuliza.

— Yaumie. Mapenzi ya kisasa lazima kitu kiumie. Mtaka cha mvunguni sharti ainame.

— Mbuzi wataletwa na hiyo ndege? Ndunda aliuliza.

— Hakuna mbuzi. Wanahamia Mlolongo, nyumba ya kukodi.

— Bila ntheo? Ndunda aliacha kugonga kiatu. Huyo si bibi yake. Ni jirani.

Kalunde, muuza mboga, alikuwa amefuata kiatu chake.

— Hao watu wenu, aliuliza, mbuzi wakishapelekwa, kesho yake wanaambiana nini?

Waya alimtazama Sinema. Ndunda alianza kutafuta msumari aliokuwa ameushika.

— Hadithi huwa inaisha hapo, Sinema alisema.

— Na mimi hapo ndio nilikuwa nataka kujua.

Muema alijua. Kesho yake baada ya mbuzi wake mwenyewe kupelekwa, asubuhi, Mbithe alimwambia, “Umelala na blanketi yote.” Ndiyo iliyokuwa sentensi ya pili ya kitabu.

Aliitoa barua, akaandika nyuma ya karatasi: Mbuzi wanabaki ukurasa wa kwanza. Akamwachia Kalunde nafasi yake kwenye benchi, akashika njia ya posta kabla haijafungwa.