Marehemu Anayechechemea

Zamda, mwanachuo wa ualimu aliyekuwa anarudi likizo, alitega sikio tangu garimoshi litoke Tabora. Mbele yake Ngollo, kijana aliyepakata mashine ya sinema, alikuwa anamweleza Bi Mwanahawa, jirani yake wa kiti, filamu aliyopiga kwenye msiba wa baba yake katika kijiji cha ujamaa. Baba hakuacha hata picha. Anayeonekana ni mtani wake, Mgogo, amevaa kanzu ya marehemu, anachechemea kama yeye, na waombolezaji hoi kwa kicheko.

"Na hiyo ndiyo unampelekea mama yako Kaliua?"

"Ndiyo, bibi. Alikuwa anaumwa, hakuwahi kumzika."

"Mjukuu wangu, utani wa msiba unaishia makaburini. Wewe unataka mumewe afufuke kila ukiwasha mashine!"

"Sasa nimwonyeshe nini? Udongo?"

Zamda hakuwa ameulizwa, ila majibu alikuwa nayo mawili, tena yanagombana.

Bi Mwanahawa alivuta pumzi ajibu, garimoshi likasimama Kaliua. Mama mmoja aliyejifunga kaniki akaegemea dirisha lao, anahema.

"Ngollo! Umemleta baba yako?"