Malisho Yalivyogeuka Makao Yetu

Bwana asifiwe, ninyi mlioketi na ninyi mliosimama pale mlangoni! Asifiwe sana! Mimi ni Mama Nekesa, wa upande wa barabara ya Soy. Nimeokoka, nampenda Yesu, na leo nataka kusema vile alitupa mahali pa kuishi.

Ndugu zangu, mimi na mume wangu Wanyonyi tulitoka magharibi tukiwa vijana. Yeye alipata kazi ya ukarani kwenye kinu cha mahindi hapa Eldoret, mimi nikauza mboga sokoni. Tulipanga chumba kimoja kule mtaa wa Langas na watoto wetu wote. Tulijinyima mpaka tukanunua kipande katika shamba kubwa ambalo kampuni ya wakulima ilinunua kwa Mzungu, ikagawia watu. Tukachimba kisima. Tukaweka msingi. Fundi akapandisha kuta hadi kwa madirisha. Nilisimama ndani ya nyumba isiyo na paa nikaimba mpaka fundi akacheka!

Halafu asubuhi moja afisa wa ujenzi akaja na askari wawili. Akachora alama nyekundu ukutani, akasema, "Simamisheni kazi. Hii ni ardhi ya kilimo, na kwenye ramani kipande hiki kimewekwa malisho. Hakuna kibali cha nyumba hapa."

Wanyonyi akamuuliza, "Na hawa majirani waliojenga? Si shamba ni hilo hilo?"

"Wao wako upande wa makao. Wewe uko upande wa malisho. Ukiongeza jiwe moja, tunabomoa."

Ndugu zangu, hiyo siku kazi ikasimama! Tulienda ofisi hii, tukatumwa ile. Wengine walituambia tuuze tu, turudi kwetu. Lakini kwetu ni wapi, na watoto wamezaliwa hapa?

Baadaye tukajua aliyetushtaki ni jirani yetu, Mzee Kiprono. Na si kwamba alikuwa mtu mbaya. Ng'ombe wake walikuwa wakilisha kwenye kipande hicho, kule chini karibu na mto, kabla sisi hatujafika, na aliambiwa malisho ni ya wote. Alipoona kuta zinapanda, akaogopa tutafunga pote.

Ndipo ukaja ule mwaka wa ukame, mnaukumbuka, tulipokula mahindi ya manjano ya msaada. Mto ukakauka. Ng'ombe wa Mzee Kiprono wakabaki mbavu. Kisima chetu, kando ya zile kuta zilizokatazwa, kikaendelea kutoa maji! Watu wakaniambia, "Mama Nekesa, funga hicho kisima. Ajue." Nikapiga magoti nikaomba. Nilipoinuka sikuwa na hasira tena, nikaenda moja kwa moja mpaka kwa lango lake, nikamsalimu kwa lugha yao.

"Chamgei, Mzee."

"Chamgei."

"Kisima chetu kina maji. Leta ng'ombe wanywe."

Akafungua lango. Akasema, "Mama, unajua ni nani alikushtaki?"

"Najua, Mzee. Lakini ng'ombe hawakunishtaki."

Haleluya! Wakaja kila asubuhi mpaka mvua iliporudi. Mimi na Mzee hatukuzungumza habari ya shamba hata kidogo. Tulivuta maji tu, tukaulizana habari za watoto.

Mvua ilipokwisha kurudi, D.O., mkuu wa tarafa, akaja kusikiliza kesi yetu palepale kwa kiwanja, pamoja na yule afisa na wazee wa kampuni. Kabla sijafungua mdomo, Mzee Kiprono akasimama.

"Bwana D.O., mashtaka nilileta mimi. Nilitaka nyasi. Lakini tembea uone. Hapa juu ni mwamba, nyasi haijawahi kuota hata mvua ikinyesha. Nyasi iko kule chini karibu na mto. Mama ajenge hapa, ng'ombe walishe kule."

D.O. akatembea, akagonga mwamba kwa kiatu. Akamgeukia afisa. "Hii inawezekana?"

Afisa akasema, "Kampuni ikikubali, sehemu ya juu ya kipande hiki iandikwe makao, ya chini ibaki malisho. Kisha nitawapa kibali."

Wazee wakatazamana. Mwenyekiti wao akasema, "Tumekubali."

Ndugu zangu, nilikaa chini hapo hapo kwenye mawe nikalia! Karatasi zilichukua muda, sitawadanganya, lakini kibali kilitoka. Siku ya kuiombea nyumba, Mzee Kiprono alikuja na mke wake wakiwa wamebeba kibuyu cha mursik, yale maziwa yao ya mgando, wakaketi mbele kabisa.

Namshukuru Mungu, nawashukuru ninyi mlioomba nasi. Na wewe ambaye shida yako imezungushwa ofisi hata ofisi, usikate tamaa. Mkabidhi Bwana! Njoo kwetu Jumapili baada ya ibada, tunywe chai, tuombe pamoja. Ukishuka pale barabarani na usijue njia, muulize Mzee Kiprono. Atakuleta mwenyewe mpaka mlangoni.