Kocha Verlyn Haugstad na Pointi Mbili za Velde

Mpendwa wetu Verlyn Arnold Haugstad alizaliwa tarehe 14 Machi 1957, katika shamba la ngano la wazazi wake nje kidogo ya mji huu wa Harlow, Dakota Kaskazini, akiwa kitinda mimba wa Mzee Arnold na Mama Inga, ambao wote wametutangulia.

Alisoma hapa hapa Harlow, akajiunga na Chuo cha Velde mwaka 1975, akahitimu ualimu wa hisabati mwaka 1979, ingawa waliosoma naye wanasema alionekana zaidi uwanjani kuliko darasani, akicheza mpira wa Kimarekani, ule wa kushikwa mikononi, katika mstari wa mbele, mahali ambapo mtu husukumwa mchana kutwa na jina lake lisitajwe. Alifundisha hesabu katika sekondari yetu, na kuanzia mwaka 1996 akawa pia kocha wa timu ya Velde, kazi aliyoifanya hadi mwisho.

Tarehe 9 Juni 1984, katika kanisa hili, alifunga ndoa na Darlys, wakajaliwa watoto wawili, Marit, anayewasomea historia hii, na Leif, pamoja na wajukuu watatu.

Mwezi Agosti mwaka huu wa 2023 madaktari walimkuta na kansa ya kongosho, ikiwa imeshafika kwenye ini. Mama alimwambia, "Verlyn, msimu huu waachie wenzako," naye akajibu, "Halafu nikae hapa nikutazame ukifuma?" Akatukataza tusimwambie mtu, hasa vijana wake, maana aliamini mchezaji anayemwonea kocha wake huruma hachezi. Marit ndiye aliyemwendesha kwenda kwenye mechi, na humo garini Baba alisema waziwazi kwamba anataka ushindi mmoja tu kabla hajaondoka.

Velde ilifungwa Septemba yote, ikafungwa Oktoba yote. Tarehe 11 Novemba, mechi ya mwisho, hapa nyumbani, upepo ukikata masikio, vijana walivuka mstari wa mwisho wa wapinzani na mpira katika dakika ya mwisho, wakapata pointi sita, wakabaki nyuma kwa pointi moja. Wangeweza kupiga mpira kati ya nguzo, wapate moja, watoke sare na kuingia muda wa nyongeza, au wakimbie nao tena wapate mbili, washinde au wafungwe papo hapo. Walikimbia, wakaangushwa karibu na mstari, na msimu ukaisha bila ushindi hata mmoja.

Baba alimwambia mwandishi wa gazeti, "Uamuzi ulikuwa wangu, vijana waacheni." Kesho yake pale kituo cha mafuta akasikia mtu akisema, "Mwalimu wa hesabu mzima, kujumlisha moja kumemshinda!" Alilipia kahawa yake, akarudi nyumbani, na wiki ile ile akashindwa kuamka kitandani.

Jana nahodha Colby Reinschmidt alikuja jikoni hapa kanisani, Marit akikata nyama ya nguruwe kwa ajili ya chakula cha leo, akasema, "Dada Marit, Kocha aliinua kidole kimoja. Alitaka tupige. Sisi tulishajua anaumwa tangu Septemba, na siku ile tulimwona kaegemea meza ya maji, midomo imembadilika rangi. Tukaambiana, huyu mzee hasimami tena kwenye baridi hii kungoja muda wa nyongeza. Tukajifanya hatukukiona kile kidole."

"Sasa mbona mlinyamaza?"

"Alituita baada ya mechi, akasema, nyie bado mtaishi na watu wa mji huu, mimi naondoka, niachieni hilo."

Colby na wenzake, walioketi safu ya pili, wameomba jambo hili lisomwe mbele yenu. Marit hakulia, aliendelea kukata nyama, kwa kuwa tangu Jumatatu moyo wake umekufa ganzi, na hata sasa anasoma kama anayesoma tangazo.

Baba alifariki nyumbani Jumatatu, tarehe 4 Desemba 2023, alfajiri, Mama akiwa amemshika mkono.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi, majirani waliotuondolea theluji mlangoni bila kuombwa, walimu wenzake, na ninyi wa kituo cha mafuta pia, ambao wengi wenu mko humu, hatuna kinyongo, chakula kipo chini, shukeni mle.

Ameacha mjane, watoto, wajukuu, na timu iliyouweka rehani ule ushindi mmoja alioutaka ili yeye aingie ndani apate joto.

Pumzika sasa, Baba, kwa amani.