Hukumu Mbili za Mchanga Mmoja: Kwaheri Papa Josaphat

Kuna kitu sijamwambia mutu yeyote, hata mama. Mimi niliyepewa kazi ya kuandika maneno haya ya kumuaga Papa Josaphat Kambere, mpaka leo sijui kama siku ile ya mchanga alikuwa mwerevu ao alikuwa amechanganyikiwa kama sisi wote. Ndiyo maana naandika nikifunika ukurasa kwa mkono.

Papa Josaphat anaacha kazi tarehe 31 Desemba 2001, baada ya miaka ishirini na saba ya kuwa huissier wa tribunal yetu ya Butembo. Ni yeye anayepelekea watu karatasi za kuwaita mbele ya juge, na juge akishakata neno, ni yeye anayeenda kulitimiza. Alianza kwa baiskeli, akapewa pikipiki, askari wakaiazima “kwa siku mbili tu”, akarudia baiskeli. Watu walipomkimbia nyumbani, aliwangojea kwenye mlango wa kanisa. Alisema Wakatoliki ni rahisi. Waprotestanti mahubiri yao ni marefu, mutu unasikia njaa.

Alikuwa na desturi mbili. Karatasi aliifanyia kazi kwa zamu, iliyofika mbele ndiyo ya kwanza, hata kama ya pili ni ya mutu mkubwa. Na kila hukumu aliisoma kwa Kifaransa, kisha Kiswahili, kisha Kinande, ili asiwepo wa kusema hakusikia.

Sasa mchanga. Greffier, karani mkubwa wa tribunal, aliniambia, “Andika kazi yake, mais mambo ya mchanga uache.” Najaribu, lakini bila mchanga siwezi kumweleza.

Monsieur Abdias alikuwa na ruhusa ya serikali ya Kinshasa ya kuchimba mchanga wa mto, chini ya mtaa wa Vulamba. Patron Zorobabel alikuwa na ruhusa ya serikali ya Beni, ile ya waasi, mto uleule, mchanga uleule. Serikali ni ipi? Mwalimu wetu wa shule alituambia tusiulize darasani. Na kabla yao wote, Mama Hulda na wenzake walichota pale kwa mabeseni, kwa sababu kila mwaka walimpa mwami, chifu wetu, mbuzi. Juge, tunayemwita Président, aliwauliza kama mbuzi huyo alikuwa na cachet, muhuri wa serikali.

“Cachet hapana, Président,” Mama Hulda akajibu. “Alikuwa na pembe.”

Watu walicheka, lakini bamama hawakuandikwa popote. Abdias alishinda kwenye tribunal ya Butembo: Zorobabel aondoke. Zorobabel alishinda kwenye ile ya Beni: Abdias aondoke. Yeyote atakayebaki, bamama walijua watafukuzwa kesho yake.

Zorobabel alimwita Papa Josaphat aje kumfukuza Abdias. Nilikuwepo, stagiaire anayejifunza kazi, wa kuandika procès-verbal, taarifa ya yote yaliyofanyika. Papa akafungua hukumu ya Butembo, kwa kuwa ndiyo iliyofika mbele. Akaisoma kwa luga tatu, akaamuru lori la Zorobabel litoke.

“Papa Josaphat, mais ni mimi nilikuita!”

“Ndiyo, patron. Ya kumtoa Abdias inafuata.”

Akasoma ya Beni, luga tatu tena. Watu wa Abdias nao wakatoka. Kwenye mchanga wakabaki bamama tu.

“Na sisi, Papa?” Mama Hulda akauliza.

“Majina yenu sikuyaona humu, bamama.”

Wakakunja vitenge, wakaingia majini.

Tuliporudi kwenye tribunal, juge alipiga meza. “Umefukuza bote babili?”

“Ndiyo, Président. Ni vile mulituandikia.”

Hakuna aliyepata kosa, kwa sababu kosa lingekuwa la nani? Nilimwuliza Papa njiani kama alifanya makusudi. Akanitazama, akauliza kama nimeshakula.

Tunamshukuru kwa miguu yake, kwa sauti yake, na kwa subira yake na stagiaire asiyejua kusema kwa nguvu.

Nasikia hatua kwenye korido. Huenda ni greffier. Kesho kwenye sherehe ya kumuaga Papa, Patron Zorobabel atakaa kiti cha mbele, naye atasikia haya yakisomwa. Lakini asubuhi ya leo nimepita pale mtoni, nikamkuta Mama Hulda amejaza beseni, ananisalimia kwa mkono wenye maji. Naondoa mkono kwenye ukurasa. Greffier aingie, asome.

Papa Josaphat, upumuzike vizuri, na usingojee tena mutu kwenye mlango wa kanisa. Ingia ndani, ukae.